Sauti ya Mama kwenye Maiki Niliyosahau Kuizima

Mpendwa mshauri,

Nakuandikia nikiwa nimeshinda, na naomba unisaidie kabla ushindi wenyewe haujanitokea puani. Mimi ni binti wa miaka ishirini na tisa, kazi yangu ni kutengeneza filamu, na kabla hujaniuliza kama wanavyouliza wote, hapana, si za harusi, wala si zile za watu kupigana vibao sebuleni, ni filamu za hali halisi ambazo ndani yake najaribu mambo, yaani naweza kukuonyesha ukuta mtupu dakika nzima huku unasikia mtu akifua, na kuna bwana mmoja aliwahi kutoka ukumbini akisema nimempotezea siku, na kuna mama mmoja alibaki kitini analia hadi wafagizi wakamwomba apishe, na wote wawili nawashukuru ingawa yule bwana alinikera.

Mama yangu mzazi ni fundi wa meno bandia. Chumba chake cha kazi kiko nyuma ya kliniki ya meno, kina meza ndefu, taa ya kuinamisha, kibatari cha spiriti cha kuyeyushia nta, na rafu tatu za mataya ya plasta yaliyoandikwa namba kwa penseli, na daktari akishachukua alama ya taya la mgonjwa kule mbele anaileta nyuma kwa mama, na mama anamrudishia mtu mdomo wake. Ameifanya kazi hiyo miaka thelathini na moja, cheti chake cha mtihani wa ufundi kimetundikwa ukutani na ni halali kabisa, siku hizi vyuo vinampelekea wanafunzi wajifunze kwa vitendo na wao wanamwita Mwalimu, na yeye huwaambia, kama alivyotuambia sisi wanawe tangu tukiwa wadogo, kwamba alisoma chuo miaka miwili kwa taabu kubwa na kwa hiyo asimwone mtu anazembea. Mama si mtu wa maneno mengi, anasema kidogo na anasema kwa mpangilio.

Miaka miwili nilimrekodi akifanya kazi. Sharti lake lilikuwa moja tu, mikono chukua, uso niachie mwenyewe, nami nikakubali kwa furaha maana ile mikono, mshauri, ungeiona inavyochonga nta, kisu kinapita mahali pembamba kuliko ukucha na yeye wala hashiki pumzi. Nikakusanya saa nyingi za mikono, gurudumu la kung'arishia, visanduku vya meno vilivyopangwa kwa rangi kuanzia jeupe la kijana hadi la mvuta sigara, nikaunganisha, ikawa filamu nzuri iliyokufa. Rafiki yangu ninayehariri naye, tunayemwita Mkasi, aliitazama hadi mwisho kwa heshima akapiga mwayo akasema, "Dada, hii ni ya kutundika ukutani, siyo ya kukalisha watu."

Sasa ndipo lilipotokea kosa. Katika kazi yetu hata anayeanza leo hufundishwa kwamba ukishasema tupumzike, jambo la kwanza unamvua mtu maiki, au angalau unaizima, kwa sababu mtu akisahau kwamba ana maiki anakuwa yuko nyumbani kwake, na siku hiyo betri ya kamera iliisha, nikasema tupumzike, nikatoka mbio kufuata nyingine, na maiki ikabaki imebanwa kwenye kola ya aproni ya mama, na kinasa sauti kikabaki mfukoni mwake kikiendelea kufanya kazi. Nilichelewa dakika arobaini. Katika hizo dakika arobaini aliingia mama mdogo, mdogo wake mama, ambaye nilimkuta nikirudi amevimba macho na sikuuliza.

Nilikuja kusikia siku mbili baadaye nilipokuwa nahamishia sauti kwenye kompyuta. Mama mdogo alikuwa amevunjika jino la mbele na alikuja kujificha kwa dada yake, analia kwamba hawezi kurudi kazini kwake, yeye ni mpokea wageni, atafungua vipi mdomo. Mama akamwacha alie, kisha akasema kwa ile sauti yake ya kazi:

"Unalia kwa jino moja. Mimi niliyapoteza mawili, haya haya ya mbele, nina miaka ishirini na mbili. Nilikuwa mfagizi humu humu kliniki. Niliteleza kwenye ngazi na ndoo ya maji ya sabuni, nikauma ngazi."

"Dada, si ulikuwa chuo wewe?"

"Chuo kipi. Nilikuwa na fagio."

Halafu akasimulia yote, mshauri, jinsi alivyokuwa akifagia makombo ya nta chini ya meza hiyo hiyo anayofanyia kazi leo na kuyatia kwenye kopo la dawa, na mabaki ya ile plastiki ya pinki ya kutengenezea fizi, na meno yaliyotupwa kwa kukosewa rangi, na mchana mafundi wakienda kula yeye anabaki anachonga, ya kwanza yakatoka makubwa akawa anafanana na sungura, akarudia, akarudia, mara saba, hadi yakakaa. "Siku moja mzee aliyekuwa fundi mkuu akaniona nacheka na mlinzi. Akasimama. Akaniuliza, nani amekutengenezea hayo? Nikamwambia ni mimi. Akaniambia, yavue. Nikayavua mbele yake, nimebaki na pengo langu, aibu imenijaa mpaka masikioni. Akayapeleka kwenye taa, akayageuza, akanirudishia. Akaniambia, kesho uje bila fagio." Hapo wakaanza kucheka, wakacheka hadi nikasikia mama anapiga meza kwa kiganja, na mimi katika umri wangu wote sikuwahi kumsikia mama akicheka namna hiyo.

Nilipaswa kufuta. Nilipaswa kumpigia simu. Badala yake niliirudisha mwanzo nikasikiliza tena, halafu nikamwita Mkasi. Tukachukua dakika kumi na moja za ile sauti tukaziweka juu ya picha za mikono yake, maneno ya mama mdogo nikayakata, nikabakiza sentensi moja na kicheko chake, na ile filamu iliyokufa ikaamka, Mkasi alisimama akazunguka chumba akiwa ameshika kichwa. Nikajiambia nitamwambia mama tukimaliza. Tukamaliza, nikajiambia nitamwambia ikikubaliwa tamasha. Ikakubaliwa kwenye tamasha la nchi ya mbali, nikajiambia kule hawajui lugha yetu, wanasoma tafsiri chini ya picha, nitamwambia nikirudi. Mshauri, nilishinda. Tuzo kuu ya watengenezaji wapya, watu mia mbili wamesimama, mzee mmoja mwenye fimbo akanishika mkono hakuuachia. Nikarudi na tuzo, mama akaiweka juu ya kabati la vyombo ambako hakikai kitu cha mchezo, akaniuliza, "Kwa hiyo wameipenda mikono yangu?" Nikasema, "Wameipenda sana, mama." Tangu hapo nakwepa macho ya mama.

Na sasa tamasha la hapa nyumbani limeichagua ifungue pazia, Jumamosi moja alasiri, ukumbi wa watu mia nne, zimebaki siku kumi na tisa. Mama ameshashona nguo. Amemwalika daktari wa kliniki, amewaalika wanafunzi wake wote, amemwalika mama mdogo, na anajua kwamba wanakuja kutazama mikono. Mkasi anasema nimwache ashtukizwe, eti akina mama hulia kwanza halafu hujivuna. Nilifikiria kuitoa sauti niweke mlio wa mashine, lakini mama wa tamasha, yule anayechagua filamu, amesema walichochagua ni filamu yenye ile sauti, ikitoka nafasi inakwenda kwa mwingine. Nilifikiria hata kumdanganya mama tarehe, ndiyo, nilifikiria, nakwambia ili unijue vizuri. Nikimwambia akakataa, kimekwisha kitu pekee nilichowahi kukifanya vizuri maishani, na nisipomwambia atajisikia mwenyewe akivuliwa mbele ya watu wanaomwita Mwalimu. Nifanyeje?

Wako,
Mwenye Kamera

*

Binti,

Nimeisoma barua yako mara mbili, mara ya pili nikiwa nimesimama. Jambo la kwanza utakaloliona ni kwamba sikuichapa gazetini. Ningeichapa, watu wangejua fundi huyo ni nani kabla chai haijapoa, mama yako angeibiwa mara ya pili, na safari hii mwizi angekuwa mimi na mvi zangu. Nakujibu kwa bahasha, peke yako, na nimeruka foleni ya barua za watu wenye matatizo ya waume kwa ajili yako.

Hongera. Naanza na hilo kwa sababu nitakugomba muda si mrefu na sitaki usahau. Umekaa na mikono ya mama yako miaka miwili bila kuchoka, watu wa mbali wakasimama kwa ajili ya mfagizi aliyejichongea meno. Sijaiona filamu yako na huenda ningesinzia kwenye ukuta mtupu, lakini hicho ulichokisikia ukakitambua kuwa ni kikubwa, ulikitambua sawasawa. Sikio unalo.

Sasa tugombane. Unasema ulisahau kuzima maiki, na nakuamini. Kusahau kwako kulichukua dakika arobaini. Yaliyofuata yamechukua miezi, na miezi hiyo hukuwa umesahau chochote, ulikuwa unajitia hamnazo. Nimempigia simu kijana mmoja wa kazi zenu nikamuuliza, akaniambia kila tamasha lina karatasi ya kusaini kwamba wote wanaoonekana na kusikika wamekubali. Wewe uliisaini. Ulikaa na kalamu, ukasoma mstari huo, ukaweka jina lako. Kwenye barua yako ndefu yenye sungura na mzee wa fimbo hukuiandika hiyo karatasi, na mimi nimeshasoma barua nyingi za watu, najua mtu anaficha wapi.

Huyo Mkasi wako ni fundi wa kukata filamu, basi akate filamu. Mama yako si mtu wa kushtukizwa mbele ya watu mia nne. Akilia pale hutajua analia kwa nini, na hata yeye akikwambia amefurahi hutamwamini tena maisha yako yote. Na hilo la kumdanganya tarehe sitalijibu, ulivyoliandika tu ulikuwa umeshaona haya.

Unaogopa kwamba hatalistahimili jambo hili. Mwanamke wa miaka ishirini na mbili aliyeyatoa meno yake mdomoni mbele ya bosi wake, wewe unamwogopea filamu? Lakini hapo hapo usinielewe vibaya ukakimbia na maneno yangu. Aliyavua mwenyewe. Mzee alisema yavue, na yeye angeweza kufunga mdomo akaondoka na ndoo yake. Hicho ndicho ulichomnyima, nafasi ya kufunga mdomo.

Nami nikwambie kitu ili tuwe sawa. Nina meno matatu ya kubandika, upande wa kushoto juu, mwaka wa kumi na mbili huu, na mume wangu hajui. Nilipofika kwenye habari za mama yako mdogo nilijishika shavu. Kwa hiyo usidhani nakusemea kutoka mbali.

Fanya hivi. Jumapili hii, saa nne asubuhi, nyumbani kwake, siyo kule kazini ambako kuna wanafunzi. Nenda na kompyuta na hedifoni. Kamera iache kwako. Najua nyie watu, akikunja uso tu mkono utakuwasha. Mwambie: mama, nilikurekodi bila wewe kujua, nikaitumia, watu wameisikia, sikukwambia. Maneno hayo, kwa mpangilio huo, bila kumung'unya. Usianze na tuzo, wala usimweleze filamu za majaribio ni nini. Kisha mvalishe hedifoni, kidole chake kiweke kwenye kitufe cha kusimamisha, na wewe kaa kimya. Akisimamisha, usiulize kwa nini. Akinyamaza siku mbili, nyamaza naye.

Akisema hapana, ni hapana. Siku hiyo hiyo unampigia mama wa tamasha unamwambia filamu haipo, na hutamrudia mama yako na machozi kumwomba upya. Itakufa, ndiyo. Utaizika na utatengeneza nyingine, na itakuwa ya mtu anayeweza kumtazama mama yake usoni. Akisema ndiyo, usiipokee ndiyo tupu ukakimbia nayo. Muulize anataka nini kitoke na nini kiongezwe, na ufanye anavyosema hata kama Mkasi atashika kichwa mara ya pili.

Jumapili, binti. Jumatatu usinijie na hadithi.

Mshauri wako

*

Msomaji, barua hizo mbili, ya binti na nakala ya jibu langu, zilikaa kwenye droo yangu. Leo unazisoma kwa sababu ya hii ya tatu, iliyokuja ikiwa na saini tatu, ya binti, ya mama yake, na ya mama yake mdogo, na maelekezo kwamba nichape zote au nisichape hata moja. Humo ndani nimekosolewa, na nimeacha kama ilivyo. Kuhusu meno yangu, mume wangu nimemwambia jana. Alikuwa anajua.

*

Mpendwa mshauri,

Nilikwenda Jumapili saa nne kama ulivyosema, nikayasema yale maneno kwa mpangilio ule, na mama alikuwa anapanga vikombe, akaweka kikombe chini akakaa, akavaa hedifoni juu ya kilemba. Alisimamisha mara tatu. Mara ya kwanza ilikuwa kwenye kicheko, akaniuliza, "Huyu ni mimi?" nikasema ndiyo, akarudisha nyuma akajisikiliza akicheka. Mara ya pili na ya tatu alirudisha nyuma kidogo, akaendelea. Ilipoisha alivua hedifoni akauliza nani na nani wameshasikia, nikamhesabia, Mkasi, waamuzi watano, ukumbi wa watu mia mbili, na watu wa tamasha la hapa. Akasema, "Wote hao kabla yangu." Akainuka akaosha vikombe vilivyokuwa safi. Mimi nililia na hakuna aliyenibembeleza, na ilikuwa haki yangu.

Siku tatu hakupokea simu. Nilikuwa nimeshaandika ujumbe wa kuiondoa filamu, uko tayari kwenye simu, nimebakiza kuutuma tu, Jumatano ndipo akapiga yeye. "Njoo na mashine yako. Na umpitie mama yako mdogo." Nikafika, nikampa na ile barua yako aisome ili ajue nimetumwa na nani, akavaa miwani akaisoma yote, akaikunja. "Huyu bibi anajua kugomba," akasema. "Lakini na yeye hamnazo. Wewe na yeye mmekaa mnaulizana habari zangu, mama yako mdogo mmemweka wapi? Siku ile aliyelia ni nani? Hiyo sauti si yangu peke yangu." Mshauri, mimi nimesikiliza ile sauti labda mara mia tatu na sikuwahi kufikiria hilo, na wewe pia, naomba radhi, hukufikiria.

Mama mdogo akavaa hedifoni. Alilia mahali nilipotegemea angelia, akacheka mahali wanapocheka, kisha akanigeukia amekasirika kweli kweli. "Mbona umenikata? Dada anaongea dakika kumi, mimi nina sentensi moja kama mgonjwa. Niliongea vizuri sana siku ile." Nikamwambia nilimkata kwa kumstahi. "Ungeniuliza," akasema, "ningekwambia usinistahi." Basi tukakaa mezani watu watatu, mimi, fundi wa meno, na mpokea wageni, tukahariri filamu. Mama mdogo amerudishwa dakika mbili na nusu. Mama aliondoa sehemu moja ambayo sitaisema hata kwako. Na akasahihisha jambo, kwamba hakurudia kuchonga mara saba, alirudia mara tisa, siku ile alimpunguzia mdogo wake asije akaona dada yake alikuwa mzito wa kujifunza. Nikamwuliza kama anataka kulirekodi upya. Akachukua maiki mwenyewe, akaibana kwenye kola, akauliza kama inawaka, akasema, "Mara tisa." Tumeiweka mwishoni kabisa, picha imekwisha, skrini nyeusi, na hiyo ndiyo sehemu bora ya filamu yote. Mkasi alipoiona alikaa chini safari hii.

Jumamosi ukumbi ulijaa hadi watu wakakaa kwenye ngazi. Mama alikaa safu ya pili, daktari kushoto kwake, mama mdogo kulia, wanafunzi nyuma yake wamevaa vizuri. Sauti yake kwenye filamu iliposema "Nilikuwa na fagio" nilisikia wale wanafunzi wanahema, na mimi niliyekaa pembeni nilimtazama mama badala ya skrini, naye alikuwa ametulia anatazama mikono yake kama anayekagua kazi. Kwenye kicheko ukumbi mzima ulicheka nao. Kwenye "Mara tisa" watu walipiga makofi gizani, skrini ikiwa bado nyeusi. Nimeshapigiwa makofi kule mbali na nilidhani ndiyo makofi, kumbe bado. Niliona fahari, na safari hii sikukwepa macho ya mama.

Kikaja kipindi cha maswali. Waliniita jukwaani, nami nikamwita mama, akapanda na nguo yake mpya. Wanafunzi wake walisimama kabla ya mtu mwingine yeyote. Mmoja akauliza mambo ya nta, mama akamjibu kitaalamu kana kwamba wako kazini. Ndipo bwana mmoja wa safu ya katikati akanyoosha mkono, akasema amefurahi, ila ana swali kwa mama, je, haoni uchungu kwamba binti yake wa kumzaa amezitoa siri zake hadharani apate tuzo?

Nilifungua mdomo nijibu. Mama akanichukulia maiki mkononi.

"Ni kweli aliiiba," akasema. "Nikamkamata, nikamnyang'anya. Nikakaa nayo siku tatu, ni yangu, ningetaka ningeichoma moto. Hii mliyoiona leo nimeileta mwenyewe."

Ukumbi ulisimama, bwana yule naye akasimama. Mama akainua mkono watu wakae, akauliza nani ana swali lingine.